Picha mbili za 1947 kuhusu chuki dhidi ya Wayahudi: rivyuu ya mtu aliyeziangalia akimtafsiria mama yake

Jumamosi iliyopita nilikodi muvi mbili za kizamani kwa mpigo, zote za mwaka 1947, zote nyeusi na nyeupe, zote za Marekani, na zote zinaongelea kitu kimoja, chuki dhidi ya Wayahudi, nikaziangalia sebuleni na mama yangu mzazi ambaye kaja toka Muheza kwa ajili ya kliniki ya presha, pamoja na binti yangu wa kidato cha pili ambaye mwanzoni alikuwa na simu mkononi hata haangalii tivii. Ya kwanza inaitwa Gentleman's Agreement, ya pili Crossfire. Kuzikodi zote mbili ni kama bei ya sahani mbili za chipsi kuku, kwa hiyo kwenye hela sina neno.

Neno ninalo kwenye huduma. Subtaito zipo za Kiingereza tu, na hizo zenyewe baada ya kama nusu saa zikaanza kuchelewa, mtu anafunga mdomo ndo maneno yanatokea, halafu bando likakata katikati ikabidi niongeze kwa simu ya wife. Na mama Kiingereza chake ni gudmoning na thenkyu, yaani ikabidi mimi ndo niwe dijei, kama wale wa kutafsiri muvi kwenye vibanda umiza, tofauti ni kwamba wale wanatia na chumvi zao mtu ukacheka, mimi nilikuwa natafsiri huku natafuta maneno. Ila nikwambie ukweli, bila hiyo kazi ya kutafsiri nadhani hizi muvi zingenipita hivihivi. Ukilazimika kumwambia mama mtu mzima kwa Kiswahili kwamba hapa huyu mzungu kamkataa yule mzungu, unajikuta unaeleza kitu ambacho ulidhani unakijua.

Maana swali la kwanza la mama lilikuwa hilohilo. "Sasa hawa si wote wazungu? Wanabaguana kwa kipi?"

Nikajaribu kumweleza. Na cha ajabu ndani ya muvi yenyewe kuna sehemu mapema kabisa mtoto anamuuliza baba yake swali kama hilo wakiwa mezani asubuhi wanakunywa chai, baba anahangaika, anasema kuna watu hawapendi watu wengine kwa ajili ya dini yao, mtoto anauliza kwa nini, baba anaanza upya, anajikanyaga, bibi wa mtoto yuko pembeni anamwangalia tu mwanae anavyotapatapa. Mama akacheka, akasema huyo baba ni wewe.

Kabla sijaenda mbali, kidogo kuhusu sinema za kabla ya hapo, maana usipojua hili hutaelewa kwa nini 1947 ilikuwa ishu kubwa. Hollywood ya miaka ya 1930 wenye studio wengi walikuwa Wayahudi wenyewe, wahamiaji au watoto wa wahamiaji, na walikuwa wanaogopa kuligusa hili jambo, wasije wakaambiwa wanatumia sinema kujitetea, bado kuna soko la nje ambalo hawakutaka kulipoteza, bado kuna ofisi ya maadili ya kukagua kila skripti. Matokeo yake ni vituko. Mwaka 1937 ikatoka The Life of Emile Zola, ambayo nusu yake ni kesi ya Kapteni Dreyfus, ofisa Myahudi wa jeshi la Ufaransa aliyesingiziwa ujasusi, na picha ikachukua Oscar ya picha bora, lakini neno Myahudi halitamkwi hata mara moja, limeandikwa tu kwenye daftari la maofisa, kidole kinapita juu yake, ukipepesa macho limekupita. Mwaka 1940 ikaja The Mortal Storm, inahusu Ujerumani ya Hitler kabisa, bado wanasema "asiye Mwarya" badala ya kutaja Myahudi. Mpaka Charlie Chaplin mwaka huohuo alipotoa hela yake mwenyewe mfukoni akatengeneza The Great Dictator, akacheza kinyozi Myahudi na dikteta kwa sura ileile moja, na humo neno linatajwa wazi bila woga. Chaplin baadaye aliandika kwamba angejua kweli yaliyokuwa yanatendeka kwenye makambi ya mateso ya Hitler asingeweza kuifanyia vichekesho. Hiyo ni muvi ya siku nyingine, ila kama hujaiona kaione.

Haya, turudi.

Gentleman's Agreement mwongozaji ni Elia Kazan, prodyuza Darryl Zanuck wa 20th Century Fox (ambaye, tofauti na mabosi wenzake wengi, hakuwa Myahudi), na imetoka kwenye riwaya ya Laura Z. Hobson. Stelingi ni Gregory Peck, anacheza mwandishi wa magazeti anayeitwa Phil Green, mjane, ana mtoto mmoja wa kiume na mama yake mzee mgonjwa wa moyo, wamehamia New York. Mhariri wa jarida anampa kazi aandike mfululizo kuhusu chuki dhidi ya Wayahudi. Phil anakwama, takwimu zipo, hotuba zipo, lakini hana pa kuanzia, mpaka usiku mmoja linamjia wazo, kwamba asiandike kuhusu Wayahudi, awe Myahudi. Mjini hapo hamna anayemjua, jina Green unaliongezea tu "berg" linakuwa Greenberg, basi. Anachukua kadi anaandika jina jipya anabandika kwenye sanduku la barua pale chini ya jengo, na tayari hapo msimamizi wa jengo kashaanza kununa.

Ndo muvi nzima hiyo. Mtu kabadilisha jina tu. Sura ileile, suti ileile, Kiingereza kilekile, na dunia inamgeuka.

Ninachokipenda ni kwamba dunia haimgeuki kwa kelele. Ukikaa ukisubiri mtu apigwe, au manazi watokee na bendera, utasubiri sana. Ni vitu vidogo. Daktari anayemtibu mama yake, Phil anataja jina la daktari Myahudi aliyesikia anasifiwa, huyu daktari anajibu kwa upole kabisa kwamba ni mzuri, haongezi bili wala safari za kuja nyumbani kama baadhi yao wanavyofanya. Baadhi yao! Mama nilipomtafsiria hapo akatikisa kichwa, akasema hilo neno "baadhi yao" ndo lenyewe.

Halafu sekretari. Huyu dada anacheza June Havoc, jina lake kazini Elaine Wales, anamwambia Phil (akidhani Phil ni Myahudi mwenzie) kwamba yeye jina lake halisi ni Walovsky, aliandika barua ya kuomba kazi kwenye jarida hilihili kwa jina la Walovsky akajibiwa nafasi zimejaa, akaandika tena barua ileile kwa jina la Wales akaitwa. Jarida hilohilo ambalo sasa linataka kuandika mfululizo wa kupinga ubaguzi, heheee. Mhariri akiambiwa anakasirika, anatoa amri matangazo ya kazi yaseme dini haiangaliwi. Ungedhani huyu dada atafurahi. Wapi. Anakuja juu, anaanza kulalamika kwamba sasa wataajiriwa wale Wayahudi wa hovyo, wa kupiga kelele, watatuharibia sisi. Yaani yeye mwenyewe kafungiwa mlango, kaingia kwa dirisha, sasa anataka dirisha lifungwe. Phil anamshukia palepale kwamba hayo maneno ya kuwaita watu majina, ya Wayahudi na ya weusi pia, yanamtia kichefuchefu bila kujali nani anayatamka. Kwangu mimi hii sehemu ina akili kuliko muvi nyingi za sasa, maana haijifanyi kwamba anayebaguliwa anakuwa malaika.

Ila sasa sini ya hoteli. Naomba nikae hapa kidogo.

Phil na mchumba wake walikuwa wamebuku fungate kwenye hoteli inaitwa Flume Inn, hoteli ya kishua. Phil anapata habari kwamba hoteli hiyo haipokei Wayahudi. Haijaandikwa popote, sio sheria, ni kile walichokuwa wanakiita "wateja teule". Mchumba anamwambia achana nayo, hutabadilisha kitu. Yeye anapanda ndege anaenda mwenyewe. Anafika mapokezi, wanamchangamkia, bukingi yake ipo, anajaza kadi, kila kitu safi, kijana wa mizigo yuko tayari. Halafu anauliza kwa sauti ya kawaida, samahani, hoteli yenu ina masharti ya wageni? Yule wa mapokezi anasema siwezi kusema ina masharti. Kwa hiyo haina? Kimya. Anaingia chumba cha ndani, anatoka meneja. Meneja huyu ni mtu wa adabu zake, anauliza kwa heshima, je wewe mwenyewe ni wa dini ya Kiebrania au unataka tu kuwa na uhakika? Phil anasema nimeuliza swali rahisi, nataka jibu rahisi. Meneja anasema unajua, wateja wetu ni wa hadhi ya juu, kwa hiyo... Phil anasema kwa hiyo mnawakataa? Sijasema hivyo, ila inaonekana pametokea makosa, hatuna chumba hata kimoja hoteli nzima, labda nikutafutie hoteli nyingine pale karibu na stesheni.

Mtu ana bukingi, kadi kashajaza. Na neno "hapana" halijatoka mdomoni mwa meneja hata mara moja. Anagonga ile kengele ya mezani, mizigo inaondolewa, Phil anatoka, na wageni wote pale sebuleni wanamwangalia. Kazan kawapanga wamesimama tu, watu waliovaa vizuri, wanaangalia, hamna anayefungua mdomo.

Mama alikuwa kimya hapo muda mrefu. Halafu akasema, "Yule wa mizigo naye anaangalia tu." Nikamwambia ee. Akasema baba yake, yaani babu yangu, wakati wa mkoloni alifanya kazi hoteli moja kule Tanga, kazi yake ilikuwa hiyohiyo, kubeba mabegi mpaka mlangoni na kurudi, kukaa kwenye kile kiti cha mapokezi hata kupangusa jasho haruhusiwi, na wao wala hakuna aliyewaambia hoteli imejaa, waliambiwa wapite nyuma. "Huyu mwenzenu wamemdanganya kwa heshima," mama akasema. Sikuwa na la kuongeza. Tanganyika ile shule ni za Wazungu, za Wahindi na za Waafrika, hospitali hivyohivyo, kila kitu kimeandikwa wazi. Marekani ya Phil Green kwa Myahudi hakijaandikwa, kimeeleweka tu, na kule kueleweka bila kuandikwa ndo hilo jina la muvi, makubaliano ya kiungwana, waungwana wanapeana mkono hamna karatasi. (Kwa Mmarekani mweusi ilikuwa imeandikwa tena kwa herufi kubwa, na muvi hii ya ubaguzi haina mtu mweusi wa maana ndani yake, hilo nalo liwekwe wazi. Kazan aliligusa miaka miwili baadaye kwenye Pinky, na binti mweusi akachezwa na mwigizaji mzungu, sasa hapo useme nini.)

Nije kwenye kasoro basi maana zipo. Kwanza muvi ina hotuba nyingi. Peck ana sauti nzuri, mrefu, handsamu, lakini dakika hadi dakika anageuka mhubiri, anasimama katikati ya sebule anapiga somo, binti yangu akawa anasema "baba kaanza tena huyu". Pili stori ya mapenzi inavuta sana, wanaachana wanarudiana wanaachana, kama dakika 20 zingekatwa hapo hamna ambaye angezitafuta. Tatu, na hili ndo kubwa, Phil amevaa joho la kuazima. Akichoka analivua. Ikifika wiki ya mwisho anawaambia watu jamani mimi ni Mkristo nilikuwa naandika makala, na wote wanashangaa, na maisha yanaendelea. Myahudi wa kweli kwenye muvi, rafiki yake Dave, yeye hana pa kulivulia. Na mauaji ya Wayahudi milioni sita kule Ulaya yalikuwa yameisha juzijuzi tu, miaka miwili nyuma, lakini muvi haigusi makambi kabisa, inakaa kwenye hoteli na kwenye dina za watu wenye hela. Kazan mwenyewe baadaye hakuwa anaisifia sana, na namwelewa.

Lakini huyo Dave sasa. Anacheza John Garfield, ambaye alikuwa staa mkubwa wa wakati ule, akakubali kucheza pembeni kwa sababu muvi ilimgusa, yeye mwenyewe Myahudi wa New York, jina la kuzaliwa Jacob Julius Garfinkle. Dave katoka jeshini, anavaa sare, kapata kazi nzuri mjini lakini hapati nyumba ya kuleta familia, kila anakokwenda hamna. Na Peck na hotuba zake zote, Garfield anakaa tu kwenye kiti anakuzidi nguvu. Haongei sana. Amezoea, na huko kuzoea kwake kunauma kuliko kelele.

Mchumba wa Phil ni Kathy, anacheza Dorothy McGuire. Huyu ndo muvi yenyewe kwa maoni yangu, sio Phil. Kathy ndiye aliyetoa wazo la ule mfululizo, Kathy anachukia ubaguzi kabisa, ni mtu mwema. Phil anapomwambia mpango wake wa kujifanya Myahudi, kitu cha kwanza kumtoka ni, "lakini wewe sio, au?" halafu haraka sana anaongeza kwamba kwake isingekuwa na tofauti yoyote. Mama alidaka hapohapo kabla hata sijamaliza kutafsiri. "Ameuliza!" Na baadaye mtoto wa Phil anarudi nyumbani analia, watoto wenzie wamemtukana eti Myahudi mchafu, Kathy anamkumbatia anambembeleza, usilie, wewe sio Myahudi kabisa, kama mimi nisivyo, wamekosea tu. Phil anawaka. Na ukikaa ukafikiri unaona kwa nini, maana maana yake ni kwamba angekuwa Myahudi kweli basi tusi lingekuwa halali yake.

Na Kathy ana nyumba. Nyumba ndogo nzuri iko tupu, Darien, Connecticut (mji wa kweli, muvi inautaja kwa jina), na Dave anatafuta nyumba. Kathy anajua kwamba mtaa ule watu wamekubaliana kimyakimya hawauzii wala hawapangishii Wayahudi. Anachukia hayo makubaliano. Na nyumba hampi.

Mwisho mwisho anaenda kukutana na Dave mgahawani, analia, anasema Phil ananiona mimi mbaguzi wakati nachukia ubaguzi, juzi tu nilikuwa kwenye dina mtu akatoa utani mchafu kuhusu Wayahudi, nilijisikia kuumwa. Dave anamuuliza, ukafanya nini? Anasema nilitamani kupiga kelele, niliona aibu, wote pale mezani waliona aibu. Dave anauliza tena, hakasiriki, anauliza tu, sawa, ukasema nini alipomaliza? Kathy anazunguka, anaeleza tena alivyojisikia. Dave anarudi palepale. Ukasema nini.

Sisi huku kwetu tumekulia kwenye utani, Mchaga na hela, Mhaya na kujisifu, Mzaramo na ngoma, msibani mtani anakuja anakaa juu ya jeneza anadai hela na watu wanacheka huku wanalia, na mimi siko upande wa wanaotaka tuuzike. Lakini utani wa watani una sheria zake, mtani yupo mbele yako na zamu yako inakuja. Ule wa kwenye dina ya Kathy anayetaniwa hayupo mezani, hajaalikwa, na hawezi kualikwa. Nilimweleza mama hivyo, akasema sio utani huo, huo ni umbeya wenye kicheko.

Muvi hii ilipata nominesheni 8 za Oscar ikachukua 3, picha bora, mwongozaji bora, na mwigizaji msaidizi wa kike, Celeste Holm, ambaye anacheza mhariri wa fasheni mwenye mdomo na kila akitokea muvi inapumua.

Crossfire ni habari nyingine kabisa. Dakika 86, haina hotuba za sebuleni, ni picha la upelelezi, usiku, moshi wa sigara, vivuli ukutani. Wanajeshi wametoka vitani wako Washington wanasubiri kuruhusiwa kwenda makwao, wanakunywa baa, mtu mmoja raia anaitwa Samuels anaonekana anaongea vizuri na mwanajeshi mmoja aliyekata tamaa, usiku huohuo Samuels anakutwa amepigwa mpaka kufa nyumbani kwake. Kapteni wa polisi (Robert Young) hapati sababu. Hawakuibiana, hawakujuana, hamna mwanamke. Na anavyozidi kuhoji ndo unaanza kumsikia mmoja wao, Montgomery, anacheza Robert Ryan, mtu mrefu, mchangamfu, anaita kila mtu rafiki, anapiga stori kwamba kuna watu walikaa nyumbani wakila raha wakati sisi tuko vitani, unawajua tu, wengine wanaitwa Samuels, wengine majina ya kuchekesha zaidi. Baadaye polisi wanapata faili la Samuels, kumbe alikuwa mwanajeshi naye, alijeruhiwa vitani Okinawa, kule Japani.

Ryan anatisha kwa sababu hajifanyi jini. Unamjua. Kuna mjomba wa mtu yuko hivyohivyo.

Na hapa kuna kitu lazima ukijue. Riwaya iliyozaa muvi hii, ya Richard Brooks, anayeuawa humo sio Myahudi, ni shoga. Sheria za maadili za Hollywood hazikuruhusu hata kutaja, kwa hiyo wakabadilisha aliyeuawa. Yaani muvi ya kupinga chuki ilibidi ipitie tundu la chuki nyingine ili itengenezwe. Ukiijua hii halafu ukaangalia ile sini ya baa mwanzoni, jinsi Samuels anavyomsogelea yule kijana kumfariji na wenzie wanavyotazama, inakaa vingine kabisa. Tamasha la filamu la Cannes, kule Ufaransa, mwaka huo waliipa tuzo ya filamu ya kijamii, na Oscar walikuwa nayo kwenye orodha ya picha bora, ikashindwa na Gentleman's Agreement. Kwangu mimi ningeipa yenyewe.

Sasa angalia Novemba 1947 hiyo. Gentleman's Agreement imezinduliwa New York tarehe 11. Ndani ya muvi wanamtaja kwa jina mbunge wa Mississippi, John Rankin, kama mfano wa wenye chuki waziwazi. Tarehe 24 mwezi huohuo Rankin huyohuyo anasimama bungeni Washington akiwa na karatasi ya majina ya wasanii waliosaini kupinga kamati ya bunge iliyokuwa inasaka wakomunisti Hollywood, anaanza kuwasoma mmojammoja na majina yao ya kuzaliwa, Danny Kaye kumbe ni Kaminsky, Eddie Cantor kumbe ni Iskowitz, Edward G. Robinson kumbe ni Goldenberg. Na kwenye orodha aliyoisoma yumo June Havoc, jina la kuzaliwa Hovick, ambaye hata Myahudi hakuwa. June Havoc! Yule dada sekretari wa kwenye muvi, Wales aliyekuwa Walovsky! Wakati watu wanapanga foleni sinema kumwangalia akiigiza mtu anayeficha jina, mbunge anamfichulia jina lake bungeni. Niliposoma hilo ilibidi nisimame kwanza.

Siku hiyohiyo bunge likapiga kura kuwashitaki watu 10 wa Hollywood waliokataa kujibu kamati, na wawili kati yao ni Edward Dmytryk na Adrian Scott, mwongozaji na prodyuza wa Crossfire. Studio yao ya RKO ikawafukuza siku chache tu baadaye, muvi yao bado ya moto, wakaja kufungwa jela. Dmytryk alipotoka akakubali kuitajia kamati ileile majina ya wenzie kuwa ni wakomunisti, Scott akiwemo. Kazan naye 1952 akataja wenzie. Garfield yeye hakutaja, kazi zikakauka, akafa kwa moyo mwaka huohuo wa 1952 akiwa na miaka 39. Mimi hilo lilinikaa kuliko mwisho wa muvi zote mbili.

Kwa anayetaka kujua aanze na ipi: ukiwa mtu wa aksheni na haraka anza na Crossfire, ukiwa na watu wazima wa kubishana nao nyumbani weka Gentleman's Agreement, ila uwe na chai ya kutosha. Watoto wadogo hawataielewa, wa sekondari fresh. Ya kwanza nyota 4 kwa 5, nimekata moja kwa hotuba na mapenzi, Crossfire 4 na nusu. Huduma ya kukodi nyota 2, na hizo ni za huruma, wakirekebisha subtaito nitaongeza.

Tulipomaliza ilikuwa kama saa sita usiku, mama kakataa kwenda kulala, tunakunywa maji, nikaanza kuwapigia stori kwamba hata huku yapo, kwamba mwaka ule natafuta nyumba hapa Dar nilizungushwa na dalali mmoja, nyumba ya kwanza nafika naambiwa imechukuliwa na bango bado lipo, ya pili hivyohivyo, ya tatu dalali akaniuliza kwanza kabila langu, nikamtajia, akacheka akasema ahaa nyie hamna shida, mwenye nyumba hataki kabisa watu wa kabila fulani, eti wakiingia hawatoki na kodi hawalipi, ila nyie ni wastaarabu. Nikawa naieleza kwa hasira kabisa, nikasema nilijisikia vibaya sana siku ile.

Binti yangu, ambaye simu ilikuwa chini muda mrefu, akasema, "Sasa baba ukamwambiaje?"

Nikasema nilimshangaa sana.

"Sawa, ila ukamwambiaje?"

Mama yangu akawa ananiangalia. Nyumba yenyewe ndo hii tunayokaa, kodi ya miezi sita na mwezi wa dalali nililipa siku ileile.